Kwa Nini Chai Haipiti Kiuno

Ninyi mnaoiona chai yetu ya Rungwe imelala juu ya vilima kama mkeka, msidhani iliumbwa hivyo. Hapo awali kila mti wa chai ulikuwa mrefu kupita nyumba, na majani laini yalikaa juu kabisa, kwenye ukungu. Wanaume ndio waliopanda kuyachuma. Mwanamke alikatazwa kupanda mti, na sheria ilisema: mti ni wa anayefika kileleni.

Subilaga alikuwa mjane. Alichoachiwa na mumewe ni mti mmoja tu, na majani yake ndiyo aliyotegemea kubadilisha kwa mahindi ya watoto.

Siku moja kaka wa marehemu, Ambilikile, alikuja akicheka.

"Shemeji, wewe utafika kileleni kwa mabawa gani? Siku ya mavuno nitapanda mimi, na mti utakuwa wangu."

"Siku hiyo haijafika, shemeji," alijibu Subilaga.

Kesho yake alinoa panga, akaukata mti wake usawa wa kiuno. Kijiji kizima kilikuja kutazama.

"Mama huyu! Ameona bora auue kuliko kunyang'anywa!"

Subilaga alirundika samadi shinani, akangoja. Mwezi wa kwanza kisiki kilikaa kimya, naye akalia. Mwezi wa pili kilichipua pande zote, kikajaa hadi kikawa kama meza ya kijani.

Siku ya mavuno Ambilikile alifika amekunja nguo, tayari kupanda. Akauzunguka mti.

"Kilele kiko wapi?"

Subilaga aliweka kiganja juu ya majani. "Ni hiki, shemeji. Nimefika."

Wazee wa kijiji, waliokuja kushuhudia mavuno, walitazamana. Sheria ilitaja kilele, haikutaja urefu. Mti ukabaki wake.

Kwa kuwa mti ulikuwa umeumia, hakuuvua majani yote. Alichuma kila chipukizi na majani mawili tu yaliyo chini yake. Akayaacha yanyauke, akayasugua mpaka yakawa mekundu kama shaba, akayakausha kwa moto. Wazee walipokunywa, walisukuma vikombe mbele waongezewe. Jioni ile ile wanawake wengine walikuwa wakinoa mapanga.

Na tangu siku hiyo chai hukatwa isipite kiuno, na mchumaji huchukua chipukizi na majani mawili. Sisi wanawake tunapita katikati yake na vikapu mgongoni, wala hatumwombi mtu atupandie.