Tiki Mbili na Matofali ya Nangasu

"Tiki mbili si masikio mawili." Mmeisikia leo mkutanoni, mkaona watu wakicheka na baba yenu akiinamisha kichwa, na tangu turudi mnanizunguka mkitaka kujua ilitoka wapi. Methali nyingi hazina mwenyewe. Waliozisema walikufa zamani na majina yao yakapotea. Hii ina mwenyewe, yu hai, na nilikuwepo ilipotamkwa mara ya kwanza. Basi kaeni niwasimulie ilivyoanza. Sitapunguza kitu eti kwa sababu aliyekosa ni mwanangu. Hasira niliyokuwa nayo siku ile bado ninayo, na sehemu yake ni juu yangu mwenyewe.

Mnamfahamu Nangasu, binti ya marehemu Mzee Mshana. Aliolewa mbali, akakaa huko miaka kumi na minne, kisha mume akaoa mwingine na yeye akarudi kwao na sanduku moja. Alikuta kaka yake ameshaijaza nyumba ya baba yao, mke na watoto sita, akapewa kulala katika stoo ya jikoni, kati ya magunia ya mahindi na majembe. Hakulalamika. Lakini Mzee Mshana, ambaye miguu ilikuwa imeanza kumkataa, alimwona kila asubuhi akitoka mle ndani akijikung'uta vumbi, na jambo hilo lilimuuma. Siku moja akamwita, akampa kipande cha ardhi kule bondeni, akamwambia ajenge upesi, ili yeye amwone akiingia kwake kabla hajafa.

Fedha za kununua matofali Nangasu hakuwa nazo. Akayafyatua mwenyewe. Alichimba udongo, akabeba maji kichwani, akaukanyaga ule udongo kwa miguu mpaka ukalainika, akaujaza katika kalibu ya mbao, tofali moja baada ya jingine. Alianza mvua za vuli zilipokwisha, akaendelea mpaka mwishoni mwa Februari. Nilipita pale mara nyingi nikamkuta ameinama, mgongo umelowa jasho, hata salamu anaitikia bila kuinuka. Alifikisha matofali elfu tatu na mia mbili. Aliyapanga safu kwa safu yakauke, akayafunika kwa majani.

Ninyi mmekulia mjini, kwa hiyo niwaeleze kitu. Tofali bichi ni udongo tu uliopewa umbo. Likishachomwa, mvua ya miaka hamsini hailifanyi kitu. Kabla ya hapo, maji yakiligusa linarudi kuwa tope. Nangasu alikuwa amebakiza kuni za tanuri tu.

Sasa nije kwa baba yenu. Samboja alikuwa amerudi kutoka mjini, alikofanya kazi ya ofisini, na tukamchagua katibu wa kamati ya maji. Kamati ndiyo inayosimamia ndiva, lile bwawa letu la juu tunalokusanyia maji ya kumwagilia mashamba. Mimi pia nilikuwa mjumbe. Zamani taarifa zilipelekwa kwa miguu, mlango hadi mlango. Samboja akasema huo ni ushamba, taarifa zitakwenda kwa simu, na kweli mambo mengi yakawa mepesi. Nilijivuna kwa ajili yake, sikatai.

Ni yeye aliyetufundisha kusoma zile alama zinazokaa chini ya ujumbe. Tiki moja ya kijivu, ujumbe umeondoka kwako lakini haujafika. Huenda mwenzako amezima simu, au hana bando. Tiki mbili za kijivu, umeingia kwenye simu yake. Zikigeuka za buluu, umefunguliwa. Alitufundisha vizuri. Kitu kimoja tu hakutuambia, na nadhani mwenyewe hakuwahi kukifikiria: alama hizo zote zinaisema simu. Hakuna hata moja inayomsema mtu.

Jumatano moja alasiri ukuta wa ndiva ukaonekana unavuja. Fundi aliyeitwa alisema bwawa lazima likaushwe kesho yake kabla ufa haujapanuka, na njia pekee ni kufungua mlango wa chini, ambao haukuwa umefunguliwa kwa miaka kumi na mmoja. Maji ya mlango ule hushuka kwa mfereji wa zamani hadi bondeni. Kulikuwa na watu watano wenye mali katika njia hiyo. Mwenyekiti, Mzee Mbwambo, alimwagiza katibu awajulishe wote watano kwamba mlango utafunguliwa Alhamisi saa tatu asubuhi.

Samboja aliketi barazani kwangu, hapa hapa, akaandika ujumbe na kuutuma. Wanne walijibu jioni ile ile. Mmoja aliwahamisha mbuzi, mwingine akang'oa vitunguu vyake kwa taa. Nangasu hakujibu. Nilimuuliza Samboja habari zake, naye akanionyesha simu.

"Umefika, mama," alisema. "Tiki mbili."

Nikaridhika. Nyumba ya Mzee Mshana inaonekana kutoka hapa nilipokaa. Ningeweza kumwita Nangasu kwa sauti bila hata kusimama. Badala yake nilikwenda kukoroga makande yangu.

Wakati huo umeme ulikuwa haujafika upande wetu. Simu tulizipeleka kuchaji kwa Mchome, mwenye kibanda pale sokoni aliyekuwa na sola. Nangasu alikuwa ameiacha simu yake kwake tangu Jumatano mchana, na ujumbe ulipotumwa uliikuta ikining'inia kwenye waya pamoja na simu za watu wengine kumi. Tiki mbili zikatokea kwa Samboja. Mwenye simu alikuwa uani kwao anapepeta mahindi.

Mchome alikuwa na tabia ya kuchezea simu za wateja pale biashara inapolala. Ya Nangasu haikuwa na namba ya siri, tena ilikuwa na mchezo wa kulenga mipira ya rangi, na Mchome aliupenda. Alhamisi asubuhi alikuwa anacheza, Samboja akatuma ujumbe wa kukumbusha. Ukajitokeza juu ya mchezo. Mchome akaugusa ili uondoke, na kwa kuugusa akaufungua, huu na ule wa jana. Akaona ni habari za maji, akasema moyoni kwamba yeye hana shamba, akarudi kwenye mipira yake. Alinieleza hivyo mwenyewe baadaye, na sijawahi kumpelekea simu tena.

Kule juu kwenye ndiva Samboja aliona tiki zimegeuka buluu. Akamwambia Mzee Mbwambo kwamba wote watano wamesoma. Mlango ukafunguliwa.

Mimi nilishuka bondeni saa nne hivi kuangalia kama mfereji unabeba. Niliyakuta maji yameacha mfereji, yametanda kwenye kiwanja chote cha Nangasu. Safu za chini zilikuwa zimeshalainika. Za juu zilibonyea taratibu, zikaegemeana, kisha zikashuka pamoja. Hazikutoa sauti. Nilitazamia kitu kikubwa namna ile kitoe sauti.

Nangasu alitokea upande wa msituni na mzigo wa kuni kichwani. Alikuwa ametoka alfajiri. Alisimama ukingoni bila kuutua mzigo, akatazama. Mimi nilikuwa hatua chache kutoka kwake. Mwishowe aliutua, tena kwa utaratibu, kama mtu anayetaka kuzikuta kuni zake atakaporudi, akaanza kupanda kwenda kwenye ndiva. Nilimfuata.

Kamati nzima ilikuwa juu ya ukuta na vibarua na fundi. Nangasu aliuliza nani amefungua maji. Samboja akatoa simu mfukoni kabla hajamaliza kuuliza.

"Dada Nangasu, taarifa nilikupa. Jana jioni, na leo asubuhi nikakukumbusha. Tazama mwenyewe, tiki mbili, na ni za buluu. Umesoma."

"Simu yangu iko kwa Mchome tangu jana mchana."

"Hilo mimi nisingeweza kulijua. Kwa upande wangu ujumbe umefika."

"Umefika wapi?"

Samboja alimnyooshea ile simu. Nangasu hakupandisha sauti, na afadhali angepandisha.

"Nakuuliza wewe, katibu. Umefika wapi? Jana jioni ulipita uani kwetu ukienda dukani. Nilikuwa napepeta. Ukanisalimia, nikakuitikia, ukaniuliza hali ya mzee, nikakujibu. Ulikuwa umeshautuma huo ujumbe wako?"

"Nilikuwa nimeshautuma."

"Na hukuniambia kitu."

"Niliona tiki, dada. Nilijua umeshapata."

Hilo la kupita uani sikuwa nalijua. Nangasu alishika masikio yake yote mawili kwa mikono iliyojaa utomvu wa kuni, akayavuta mbele, ili Samboja ayaone vizuri.

"Masikio yangu ni haya," alisema. "Jana yalikuwa hapa hapa, na wewe ulikuwa mbele yake. Tiki mbili si masikio mawili."

Siku ile hakuna aliyecheka.

Mngedhani mambo yangeishia hapo, kwamba kila mtu angeona. Hapana. Mzee Mbwambo alikohoa, akasema utaratibu umefuatwa, na mtu mwenye simu ana wajibu wa kuwa nayo karibu. Wajumbe wawili wakaitikia kwa kichwa. Wanaume wazima, ambao wake zao nao simu zao zilikuwa kwa Mchome, wanaitikia kwa kichwa.

Ndipo nikasogea mbele. Nilisema mbele ya wote kwamba jana nilimuuliza mwanangu habari za Nangasu, kwamba alinionyesha tiki nami nikanyamaza, na kwamba kutoka barazani kwangu hadi kwa Mzee Mshana hata kuku anafika. Nikasema sisi hatukutaka Nangasu ajue. Tulichotaka ni kuweza kusema kwamba tulimjulisha, na hayo ni mambo mawili. Mwenyekiti aliniambia ninyamaze, yametosha. Sikunyamaza. Samboja alinitazama kama mtu aliyevuliwa nguo na mama yake hadharani, na mimi nikamwacha anitazame hivyo.

Baada ya mabishano marefu kamati ilikubali kwamba kosa ni la kamati yenyewe. Ikaitishwa msaragambo, kazi ya kijiji kizima, Jumamosi mbili mfululizo, tukafyatua matofali mengine. Samboja naye alikanyaga udongo, na mikono yake ya ofisini ikachubuka. Lakini masika yalikuja mapema mwaka ule. Zaidi ya nusu ya matofali yalinyeshewa kabla ya kukauka. Nangasu alirudi kulala katika ile stoo, akaanza upya mvua zilipokatika. Mzee Mshana alifariki mwezi wa nane, kuta zikiwa zimefika magotini. Aliomba abebwe akaone, akabebwa kwenye kiti, akaziona hizo kuta za magotini, na siku ya tisa akafa. Matofali yalilipwa. Hilo lingine sijui nani angeweza kulilipa.

Sasa sikilizeni alichofanya baba yenu baada ya mazishi. Aliandika ujumbe wa kuomba radhi. Mrefu, wenye maneno mazuri, alinisomea. Akautuma kwa simu.

Nangasu aliuona umeingia, akasoma jina la aliyetuma, akauacha bila kuufungua. Tiki mbili za kijivu. Wiki ikapita, mwezi ukapita. Aliendelea kupokea taarifa nyingine na kuzijibu, lakini ule hakuugusa. Samboja alikuwa akiutazama kila siku. Nilimwona mara nyingi akitoa simu, akitazama, akiirudisha. Miezi minane. Siku moja akiwa anakunywa chai hapa akaniambia kwamba Nangasu ana kiburi.

"Ujumbe umefika, mama," alisema. "Ni yeye tu anaringa."

Nilimwambia alirudie lile neno la kwanza, la ujumbe kufika. Akafungua mdomo kulirudia, akaacha. Chai yake ilipoa mbele yake.

Kesho yake asubuhi nilimwona anashuka bondeni kwa miguu, mikono mitupu. Nangasu alikuwa anapiga lipu ukuta wa mbele. Yaliyosemwa niliyapata kwa Nangasu baadaye. Alisema Samboja alisimama juani, hakukaribishwa kukaa, akaeleza kila kitu: kwamba siku ile pale uani alikumbuka habari ya maji, ikamjia kabisa kwenye ulimi, akaona uvivu kuanza maelezo marefu, na akajiambia simu imeshamaliza kazi. Hilo hakuwa amemwambia mtu yeyote, hata mimi. Hata katika ule ujumbe wake mzuri hakuliandika.

Nangasu alimsikiliza mpaka mwisho. Kisha akafuta mikono kwenye kanga.

"Sasa nimesikia," alisema.

Hakusema amesamehe, na mpaka leo hajasema. Alichota saruji, akaendelea na ukuta wake.

Tangu hapo maji hayafunguliwi mpaka mtu aende kwa kila mwenye mali katika njia ya maji na kuisikia sauti yake ikiitikia. Na lile neno likatoka hapa kijijini, likashika njia. Siku hizi watoto wa shule wanalisema, wachumba wanatupiana, na leo mmesikia wakimtania nalo baba yenu aliposema kwamba wenye mashamba ya juu ameshawaandikia. Wengi wa waliocheka hawakuliona lile tope. Mimi nililiona, nami nilikuwa nimekaa hapa jioni ile, nina mdomo, nina sauti, na nyumba ya mwenzangu iko mbele ya macho yangu.

Tiki mbili si masikio mawili.