Kanga na Mwanzi wa Katikati

Paukwa.

— Pakawa, bibi.

Na siri yangu?

— Tumeizika.

Akiuliza jirani?

— Hatukusikia.

Basi apeni kabisa, neno hili lisitoke hapa. Mmeapa? Vizuri. Mimi pia niliapa, tena mbele ya Kanga mwenyewe, na sasa nawaambia.

Hapo kale, kale sana, wanyama walikuwa na mchezo wao. Mianzi saba imefungwa pamoja, imesimamishwa bega kwa bega, kila mmoja umechanwa mbele ili ndani kuonekane. Mchezaji mmoja ana kete za kifuu, mwenzake ana kete za kibuyu. Huyu anadondosha moja, yule naye moja. Wa kwanza kupanga nne, zisimame, zilale au ziende mshazari, ndiye mshindi.

Bingwa alikuwa Kima. Siku zote huketi ubavuni mwa mianzi, mkia kaupeleka nyuma, anaimba: "Dondosha nidondoshe, nne ni zangu."

Akacheza na Digidigi. Digidigi akapanga tatu. Kima akakohoa, kete zikashuka, mpango ukavurugika. Akatwaa malisho ya Digidigi.

Akacheza na Kobe. Kobe akapanga tatu. Kima akakohoa, kete zikashuka. Akatwaa kidimbwi cha Kobe.

Kisha akamwendea Kanga, aliyekuwa akiatamia.

"Shangazi, kichaka chako nimekipenda. Tukichezee."

"Na mayai yangu, mwanangu?"

"Nani kataja mayai? Nataka kivuli tu." Huku anameza mate.

Kukataa ilikuwa sawa na kushindwa. Kanga akaomba wacheze kesho, akaenda kuchungulia nyuma ya mianzi. Lo, kila mwanzi una tundu chini, la kupitisha mkia na kuchomoa kete. Lakini ndege hafundishwi ulimbo, wangapi wa ukoo wake wamenaswa nao? Akaipaka kete yake moja, ikajaa.

Asubuhi wote wakaja. Kanga akadondosha kete ya ulimbo kwenye mwanzi wa katikati, maana aliyeshika katikati anafika kulia na kushoto.

"Shangazi leo anataga kete," Kima akasema, wote wakacheka.

Kanga akapanga juu yake, akapanga na pembeni yake. Kima anatupa popote, kazi kamwachia mkia. Mara tatu zimesimama, tatu zimelala, na zote zinakutana kwenye kete ile ya chini.

"Milango miwili, mwanangu," akasema Kanga. "Utafunga upi?"

Kima akafunga wa juu. Kisha akakohoa.

Kete hazikushuka. Akakohoa tena. Zikatikisika tu. Akakohoa mara ya tatu, mpaka Kobe akamuuliza kama amemeza mfupa.

Kanga akadondosha ya nne. "Zimelala nne. Inuka, mwanangu, unipe mkono."

"Mguu umekufa ganzi, shangazi."

"Tutakuinua," wakasema Digidigi na Kobe.

Wakamwinua, mbele ya kadamnasi. Mianzi yote saba ikainuka naye, inaning'inia mkiani.

Basi wajukuu zangu, anayeutegemea mkia husahau kuwa ana kichwa.

Hadithi nimeidondosha, imefika chini. Mkiulizwa, hamkuisikia kwangu.