Mzigo Mdomoni mwa Hondohondo

Paukwa!

Pakawa!

Sikio?

Li macho!

Ulimi?

Umelala!

Haya, basi na ulale kweli. Na wewe unayetafuna muwa huko nyuma, tafuna polepole. Ndani ya ngano hii mna mtu anasubiri, na anayesubiri hataki kelele.

Hapo kale, kale sana, wanyama walipokuwa wakisema na ndege wakijibu, palikuwa na Hondohondo na mkewe, Bi Mwanate. Walipendana. Walipendana hadi majirani wakachoka nao, maana mmoja hakuruka mti huu kwenda mti ule bila kumwita mwenziwe.

Basi Bi Mwanate akataga. Na desturi ya ukoo wa hondohondo mnaijua, na kama hamuijui leo mtaijua. Mke akitaga huingia ndani ya tundu la mti, mlango ukazibwa kwa matope, ukabaki ufa mwembamba wa kupitisha mdomo. Mle ndani manyoya ya mabawa humpukutika, hata akitaka kuruka hawezi. Anakula nini? Anachotiwa mdomoni na mumewe. Mume asiporudi, mke hali.

Na upo mwiko mmoja. Chakula cha mke aliyezibwa hakiwekwi chini. Tangu kinapookotwa mpaka kinapoliwa, ni mdomo kwa mdomo. Kikitua chini, walisema wazee wao, watoto hawatafumbua macho.

Kila asubuhi Hondohondo alikuja akagonga gome. Ko, ko, ko. Bi Mwanate akaleta mdomo ufani, akala. Mume akishabaki na mdomo mtupu, ndipo mke anapomuuliza, kwa utani tu, maana anajua:

“Nani huyo?”

“Ni mimi wako.”

Halafu Hondohondo akakaa tawini kumsimulia ya nje. Mkuyu umezaa. Mto umepungua. Tumbili ameanguka tena, na tena amesema tawi ndilo lililomsukuma. Bi Mwanate akacheka mle gizani. Mume akiruka kwenda zake, yeye hubaki akiyarudia maneno yale moja moja, mpaka kesho yake.

Sasa, nchi ile ilikuwa na mwizi wa mayai. Wala hakuwa wa siri. Alikuwa Nguchiro, na kila mtu alimjua.

Mara ya kwanza walimkamata kiini cha yai kikimtiririka kidevuni, wakampeleka mtoni kwa Kiboko, aliyekuwa hakimu. Kiboko akasema njooni kesho. Kesho walipokwenda, yuko chini ya maji, mapovu matupu. Mara ya pili akasema masikio yake ni madogo, shahidi aogelee hadi katikati ya kilindi ndipo atamsikia. Shahidi alikuwa Bi Kanga. Kanga na kuogelea wapi na wapi? Mara ya tatu Nguchiro alitangulia na mzigo wa majani mabichi. Kiboko akatafuna, akasema yai lenyewe liko wapi? Limeliwa? Basi hapana kesi, hapana ila kelele.

Njiani kurudi, Nguchiro akampita Bi Kanga, akamwamkia vizuri, “Shikamoo, mama.” Bi Kanga akaitikia marahaba, ulimi umezoea. Alipofika kwenye kiota chake kitupu akalia mpaka akapigwa na kwikwi.

Mngekuwa nyinyi mngefanyaje? Nyamazeni, najua mngefanyaje. Wao nao walifanya hivyo hivyo. Walikusanyika, wakaapa. Kuanzia leo kwa Kiboko hatwendi. Atakayeibiwa apige yowe, na kila alisikiaye aje na fimbo. Asiye na miguu, asiye na mabawa, aitikie kwa sauti, mwizi ajue kwamba nchi nzima imesimama. Asiyeitikia ni mwizi mwenzake.

Hondohondo akamletea mkewe habari ya kiapo hicho. Bi Mwanate akasema ni haki yao, wamechoka. Naye alikuwa na mayai chini ya tumbo lake.

Siku zikapita. Jioni moja, mume akiwa bado yuko tawini, Bi Mwanate akamwambia kwa haya kidogo:

“Baba watoto, nina hamu ya konokono. Yule mweupe, wa kule bondeni.”

“Ndilo linalokufanya unong’one?” Hondohondo akacheka. “Kesho utamla. Lala.”

Alfajiri Bi Mwanate akamsikia akipiga mabawa kuelekea bondeni. Akayasikiliza mabawa yale mpaka yakaisha.

Jua likatoka. Mara akasikia yowe. Sauti ya Bi Kanga kutoka bondeni: “Mwizi! Mwizi wa mayai!” Tumbili akaitikia, Kwale akaitikia, vilima vikaitikia. Siku zote zile Bi Mwanate alikuwa peke yake gizani, na sasa hizi hapa sauti za watu, na kiapo kinamtaka naye. Akaleta mdomo ufani, akapaza sauti kadiri ya pumzi yake:

“Mpigeni! Mpigeni!”

Akajisikia vizuri. Ndiyo, kwa nini niwafiche? Kwa mara ya kwanza tangu azibwe alijiona yumo miongoni mwa wenziwe.

Yowe likanyamaza. Akasubiri ko, ko, ko, apate konokono wake na habari ya mwizi aliyepigwa.

Jua likapanda. Likasimama kichwani. Likashuka. Hakugongewa.

Kesho yake pakagongwa, lakini vibaya, kama mtu anayevunja nazi. Bi Mwanate akauliza, “Nani huyo?” Kisha sauti ya Tumbili ikasema ni mimi jirani, mumeo amesafiri, ameniagiza nikuletee kuyu. Bi Mwanate akapokea, akala. Kuyu lilikuwa na mchanga. Akajua limewekwa chini, na mumewe asingemwagiza mtu bila kumweleza mwiko.

Siku iliyofuata akaja Kwale na kumbikumbi. “Nani huyo?” Kisha Kwale akasema mumeo ana homa, amelala kwa ndugu zake. Bi Mwanate akamwambia Tumbili alisema amesafiri. Kwale akasema, eh, amesafiri na homa. Akaondoka mbio mbio kabla hajaulizwa la pili.

Bi Mwanate akala kwa ajili ya mayai. Kila jani lililodondoka juu ya gome akadhani ni mdomo. Mara kwa mara alijiuliza mwenyewe mle ndani, polepole, “Nani huyo?” halafu akanyamaza, kuacha nafasi ya jibu.

Siku ya tatu pakagongwa taratibu. Ko, ko, ko. Akaurusha mdomo ufani, akatiwa kitu baridi, cha mviringo, hakina mchanga hata chembe. Konokono. Yule mweupe.

“Nani huyo?” akauliza, na safari hii sauti ilimtetemeka kwa furaha.

“Ni mimi, Bi Kanga.”

Bi Mwanate akasema, “Hamu hii nilimwambia mtu mmoja tu.”

Ndipo Bi Kanga akalia, akasema yote. Asubuhi ile alikuta kiota kitupu. Akamwona Hondohondo anapita chini chini, mdomoni ana kitu cheupe cha mviringo. Akapiga yowe. Wakamzunguka. Wakamuuliza hicho ni nini, kimya. Wakamuuliza amekitoa wapi, kimya, anatikisa kichwa tu na kuutazama mti wake. Wakamwambia basi kiweke chini tukione, naye akazidi kuubana mdomo. Mmoja akasema mwizi hana la kusema. Mwingine akasema tumpeleke kwa Kiboko, wote wakacheka. Kisha fimbo.

“Alipokufa mdomo ukafunguka,” Bi Kanga akasema. “Akatoka konokono. Tukatawanyika kila mtu na njia yake. Na tuliporudi, Nguchiro alikuwa amekomba viota vyote, maana hapana aliyebaki kuvilinda. Mwanate, mimi ndiye niliyepiga yowe.”

“Na mimi niliitikia,” akasema Bi Mwanate.

Wakalia pamoja, mmoja ndani, mmoja nje, na ukuta wa matope katikati. Tangu siku ile Bi Kanga ndiye aliyemlisha, mdomo kwa mdomo. Watoto wakaanguliwa, wakafumbua macho, mchanga wa lile kuyu usiwadhuru.

Walipoota manyoya, Bi Mwanate akauvunja ukuta akatoka. Nchi nzima imesimama chini ya mti na fimbo, kwa kuwa kiapo ni kiapo, na mjane ana haki ya kupiga yowe. Bi Kanga amesimama mbele ya wote, wala hakukimbia. Bi Mwanate akawatazama.

“Nikipiga yowe mtampiga,” akasema. “Najua, hata mimi niliitikia. Kisha nikirudi tunduni nikauliza nani huyo, nani atanijibu? Mgeni akija kwenu na mzigo mnampokea kabla hamjamuuliza habari. Mume wangu alikuwa na mzigo mdomoni. Katika nyinyi nyote, hapana aliyempokea.”

Fimbo zikaanguka, moja moja.

Wakaenda mtoni wote pamoja, wakakaa ukingoni mchana na usiku, Kiboko asipate pa kutokea kwenda malishoni. Njaa ilipomshika masikio yake madogo yakasikia vizuri kabisa. Akamhukumu Nguchiro, naye akafukuzwa akaishi mashimoni, ndiko aliko hadi leo. Haki ikapatikana. Hondohondo hakurudi.

Kwa hiyo ukipita msituni ukasikia kilio cha mtoto mchanga juu ya mti, usitafute mtoto. Ni hondohondo, anauliza nani huyo. Akimaliza kuuliza hunyamaza kidogo. Nawe nyamaza, muachie nafasi.

Mafunzo ni haya, wanangu. Hakimu akilala, fimbo huamka, na fimbo haina macho. Yowe likipigwa, usiitikie kabla hujajua ni nani aliye katikati. Na mtu akishikwa, kwanza mpokeeni mzigo, ndipo mumuulize.

Na mimi wangu nimeubeba kutoka kwa bibi yangu, mdomo kwa mdomo, sijauweka chini. Nipokeeni.

Tumekupokea!