Sultani Haidari na Jina la Kisimani

Palikuwa na sultani, Haidari, mtu wa kupenda jina lake kuliko chakula. Soko lake, jina lake. Daraja, jina lake. Hata jalala alikuwa akilitupia jicho.

Siku moja mpiga mbiu akapita mtaani: "Hapa kisimani Kwa Mwanakheri, tangu leo ni Kwa Sultani Haidari! Atakayetaja jina la kale, ahame mji!"

Mwanakheri huyo, ambaye maji yake mnayanywa mpaka leo, alikuwa mwanamke fukara. Alichimba kisima kwa mikono yake, akafa, akazikwa kando yake. Hakuacha nyumba wala mnazi. Aliacha jina hilo na binti, Mize, muuza vitumbua.

Mize alilia mpaka vitumbua vikaungua. Kisha akajifuta kwa ncha ya leso. "Majirani," akasema, "amri ni amri. Tuitii."

Ijumaa sultani akaja na waziri wake kulisikia jina lake likitajwa. Lahaula! Mikeka imetandikwa, ubani unafuka, wanawake wamejitanda kaniki, wanaume wanasoma hitima. Na kando ya kisima, kaburi jipya, li wazi.

"Makiwa, Bwana," Mize akampokea.

"Makiwa? Kafa nani?"

"Wewe, Bwana."

Waziri akapaliwa na mate.

"Mimi mzima, we mwanamke!"

"Nasi tunashangaa! Huko ikuluni sijui, ila mtaani kwetu pahala hapaitwi kwa fulani mpaka fulani azikwe papo hapo. Kwa Shee Mbwana, shehe yumo chini. Hapa, mama yangu yumo chini. Mbiu ikalia kwa jina lako. Tukasema, maskini, na ujana wote ule!"

"Upuuzi! Majina natoa mimi!"

"Nasi tumelipokea. Mbuzi wa hitima yuko jikoni, hajaiva tu."

"Nitakufukuza mji!"

"Kwa kosa gani? Jina la kale umelisikia kinywani mwangu?"

Sultani akalichungulia kaburi. Lilikuwa refu, sawa na kimo chake. Akarudi nyuma hatua.

"Fukieni shimo hili!"

"Tutafukia, Bwana. Na jina?"

"Jina linabaki!"

"Basi shimo nalo libaki," Mize akasema, akimkunjulia mkeka. "Jina limeshafika. Tunamngoja mwenyewe."