Ngiri Alivyopika Viazi vya Arobaini

Chungu, chungu!
— Kifunue!
Kina moto!
— Tupulizie!
Kina uongo kidogo!
— Utie chumvi!

Haya, sogeeni. Aliye karibu na mlango aurudishe, baridi inaingia.

Hapo kale, huko juu milimani ambako asubuhi majani huamka yamevaa barafu nyembamba, aliishi Pimbi. Mnamjua Pimbi. Hana mkia, hana pembe, hana kucha za maana. Ukimwona amekaa juu ya mwamba utadhani ni jiwe dogo lililozaliwa na jiwe kubwa. Alikuwa akiishi na bibi yake, Bibi Namkunda, na bibi huyo alisifika mlima mzima kwa viazi. Sisemi vya kuchemsha, sisemi vya kukaanga. Nasema viazi vya malai, vya kupalia makaa, kama alivyofundishwa na mama yake, naye mama yake na mama yake.

Siku Bibi Namkunda alipokuwa anakata roho, alimshika mjukuu wake mkono.

"Mke mwenzangu," alimwambia, maana ndivyo alivyozoea kumtania, "arobaini yangu ikifika, walishe viazi vyangu wale watakaonizika. Fuko atakayenichimbia. Kobe atakayeniombea dua. Kanga watakaonililia. Wakiondoka na njaa, sitalala vizuri huko niendako."

"Watakula, bibi," Pimbi alisema. "Watakula washibe."

Akafa. Fuko akachimba, Kobe akaomba, Kanga wakalia mpaka sauti zikawakauka. Pimbi akabaki na chungu cha bibi yake, na vikapu vitatu vya viazi ndani ya ufa wa mwamba, na ahadi.

Siku ya thelathini na nane Pimbi akasema, "Ngoja nijaribu kwanza kikapu kimoja, mkono wangu usije ukaniaibisha mbele ya watu." Akamenya viazi, akavikata vyembamba kama ganda la kitunguu, kwacha, kwacha, kwacha. Akapanga safu ya viazi, akamwagia malai, ule utando mzito aliouengua asubuhi tatu juu ya maziwa ya Ng'ombe wa bondeni. Chumvi kidogo, kitunguu kidogo. Safu nyingine, malai tena. Akafunika kwa kifuniko cha udongo, akaweka makaa chini, akapalia makaa juu, huku akiimba kama bibi yake alivyokuwa akimwimbia:

*Makaa chini, makaa juu,*
*katikati ni kusubiri tu.*

Harufu ikatoka. Ikashuka mlima. Ikaingia katika pua ya Ngiri.

Tifu, tifu, tifu! Huyo Ngiri, kichwa kama shina la mti, pembe za mdomoni kama miundu miwili, na tumbo ambalo halijawahi kusema basi.

"Ngrrr-hok! Kuna nini humo, we kipande cha mnyama?"

"Viazi, mjomba. Havijaiva. Tafadhali usifu—"

Akafunua! Mvuke ukaruka, fuuu! Baridi ikaingia chunguni, malai yakakatika, yakawa maji na madonge. Ngiri akala hivyo hivyo, viazi vikilia kru, kru, kru kama kokoto. Akaungua ulimi, akala. Akalamba chungu, akajipangusa mdomo kwenye nyasi, akaenda zake.

Pimbi akakiokota kifuniko, akakikung'uta nyasi. Akasema, "Watakula."

Siku ya thelathini na tisa akapika kikapu cha pili, mapema, ili akifiche chungu ufani na kesho yake apashe moto tu. Akamenya, akakata, akapanga, akamwagia, akafunika. Makaa chini, makaa juu. Akaziba ufa kwa majani. Lakini harufu haizibwi kwa majani. Tifu, tifu, tifu!

"Mjomba, nakuomba, usifu—"

Akafunua! Fuuu! Kru, kru, kru, akamaliza. Safari hii alinuna.

"Sikiliza, we Pimbi. Vya bibi yako vilikuwa vikinukia mpaka bondeni, na waliokula walikuwa wakilamba vidole. Hivi vyako mara ya pili hii vinanivunja meno. Kuna siri unanificha. Kesho nakuja, na kesho unanipa siri ya bibi yako. Usiponipa, nakula viazi, nakula na chungu, na huo mwamba wako nitaubomoa nilalie."

Kikapu kimebaki kimoja. Siku imebaki moja.

Pimbi akaenda kaburini kwa bibi yake, akakaa. Nisimsafishe: alilia, na katikati ya kilio akamlaumu marehemu, jambo ambalo si zuri. "Siri gani, bibi? Wewe hukuniachia siri. Uliniachia viazi na makaa!"

Ndipo akakumbuka kitu alichokuwa anakiruka kwa uvivu. Bibi Namkunda, kila alipomaliza kupalia makaa, alichukua funda la maji kinywani. Hakulimeza, hakulitema. Akakipa chungu mgongo, akafumba macho, akakaa hivyo mpaka mtu mwingine afunue na kuwapakulia wageni kwanza. Alifanya hivyo ili asionje, asiseme, asifunue. Na wageni walikuwa wakila kimya, hata vijiko hawagongi, ili wasimtamanishe mpishi. Pimbi mwenyewe hajawahi hata mara moja kushika funda lile. Alikuwa akiimba, akionja, akichungulia.

Akafuta machozi. Akatazama bonde alikolala Ngiri, kisha akatazama kaburi. "Bibi," akasema, "kesho watakula. Nisamehe tu kwa mpishi nitakayemwita."

Siku ya arobaini jua halijapanda vizuri, tifu, tifu, tifu!

"Siri iko wapi?"

"Karibu, mjomba," Pimbi alisema, akimsogezea kikapu. "Umekula mara mbili lakini hujaonja. Viazi hivi mtu mdogo kama mimi haviwezi. Leo unapika wewe."

"Mimi?"

"Wewe. Siri ni ya mpishi. Asiyepika haipati."

Ngiri akajiona mkubwa. Akamenya viazi vya kikapu kizima kwa pembe zake, akavikata kwacha, kwacha, kwacha, vyembamba kuliko vya Pimbi. Akabeba kuni. Akapuliza moto mpaka macho yakawa mekundu. Akataka kunywa malai, Pimbi akamwambia, "Ukinywa sasa, utakula viazi vikavu," Ngiri akayaweka chini huku mkono unamuuma kwa tamaa. Akapanga, akamwagia, akafunika. Makaa chini, makaa juu.

"Haya, siri!"

"Siri ni hii. Mpishi huchukua funda la maji. Hamezi, hatemi. Hukipa chungu mgongo, hufumba macho, husubiri."

"Kwa nini?"

"Ili asionje, asiseme, asifunue. Jana na juzi nani alifunua?"

Ngiri akakohoa kidogo.

"Na anafunua nani?" akauliza.

"Nafunua mimi, vikiiva."

Na hayo yote, jamaa zangu, yalikuwa kweli tupu. Neno moja la uongo halikuwemo.

Ngiri akachota maji, akajaza mashavu, akageuka, akafumba macho. Chunguni kukasikika chwe... chwe... chwe... Harufu ikatoka, na siyo ile ya juzi. Hii ilikuwa yenyewe, ile ya Bibi Namkunda. Mate yakamtoka Ngiri, yakaungana na maji kinywani, mashavu yakavimba kama mapapai mawili.

Wageni wakaja. Fuko kwa kupapasa, Kobe kwa taratibu zake, Kanga kwa kundi. Walipomwona Ngiri pale, Kanga walitaka kutimka. Pimbi akaweka kidole mdomoni.

"Shhh. Mpishi ana funda."

"Ngiri?" Kobe alinong'ona. "Ngiri ameshika funda la Bibi Namkunda?"

"Tangu asubuhi."

Kobe akatikisa kichwa kwa heshima. Wakakaa chini, kimya, kama walivyokuwa wakikaa zamani. Pimbi akapangua makaa, akafunua polepole. Juu viazi vimepiga rangi ya dhahabu, chini malai yanachemka mazito. Akapakua. Akawagawia wageni.

Nyam. Nyam. Nyam.

"Mmmh?" akauliza Ngiri, macho yamefumbwa, maji tele. "Mm-mmh?"

"Hayo ni malai, mjomba," akasema Pimbi. "Yanaingia ndani ya viazi."

"Mmmmh!" Ngiri akaridhika.

Fuko akacheua, bweee!

"Mm?"

"Chungu hicho, kinapumua."

Hapo alidanganya, mara mbili, na simtetei. Nitamwombea tu, kama nanyi mtakavyoniombea mimi.

Wakala, wakashiba. Kanga mmoja akaomba aongezwe, akaongezwa. Chungu kikabaki ukoko. Kobe akafuta mdomo, akainua mikono kuomba dua.

"Mungu amrehemu Bibi Namkunda."

"Amina," wakaitika.

"Ampanulie kaburi lake."

"Amina."

"Na ambariki aliyetupikia leo, aliyejinyima ili sisi tushibe."

Sasa Ngiri, mlafi kama alivyo, alilelewa. Mama yake alikuwa akimzaba kofi la sikio kila asipoitikia dua. Kinywa chake kikaitika kabla masikio hayajaelewa.

"AMIIINAAA!"

Pwaaaa! Maji yote nje. Na kwa kuwa aligeuka wakati uleule, yakaingia chunguni, chwiiii, yakajaa hadi juu ya ukoko. Ngiri akafumbua macho. Akaona chungu. Akaona midomo inang'aa mafuta. Akaona Fuko anatafuta mahali pa kulala.

"Ngrrr-hok! Viazi vyangu! Nitawa—"

"Ahsante, Bwana Ngiri," Kobe alisema, akamshika mguu. "Tumekula mapishi ya mkono wako. Marehemu angekuwepo angelia."

"Na amefunga kinywa mwanzo mpaka mwisho!" Kanga wakapayuka. "Na sisi tunavyomsengenya! Tusamehe, baba!"

"Umekata vyembamba sana," Fuko aliongeza usingizini.

Ngiri akashusha pembe. Hajawahi kuombewa dua tangu azaliwe, na hii ameiitikia mwenyewe, kwa sauti kuliko wote. Utampigaje mtu aliyekuombea, na amina yako bado iko hewani?

"Mjomba," Pimbi akasema kwa adabu, akiwa keshapanda juu ya mwamba, "ukoko wote ni wako. Umeuloweka vizuri, utabanduka."

Ngiri akatazama huku, akatazama kule. Halafu akapiga magoti, akaingiza pua chunguni, akaanza kuukwangua ukoko kwa pembe zake. Krrr, krrr, krrr. Mpaka leo, ukimkuta Ngiri porini anakula, utamkuta amepiga magoti. Wapita njia husema, tazama mnyama mcha Mungu yule. Mungu anajua anachotafuta pale chini ni viazi.

Na Bibi Namkunda, huko aliko, alilala.

Funzo la hadithi hii, watoto, ni kwamba anayesubiri ndiye anayekula. Ngiri alisubiri kuliko wote. Mkimkuta, muulizeni alikula nini. Mimi niliyewasimulia sina la kusema juu ya mtu, maana chungu hiki kilichoko motoni nimekifunua mara tatu tangu nianze hadithi, na mara moja nilionja. Mungu anisamehe. Kimepungua chumvi.

Chungu, chungu!
— Kimekwisha!
Nani amekila?
— Si sisi!
Nani atakiosha?
— Ngiri!