Nungunungu na Kifungo cha Huenda

Mpo?

Tupo!

Na masikio mmekuja nayo?

Tumekuja nayo, yamesimama!

Basi yategeni.

Hapo kale, kale ya akina bibi wa bibi zetu, wanyama wote waliishi nchi moja chini ya Mfalme Nyati. Katika nchi hiyo alikuwako Nungunungu, mama mmoja mkulima, mwenye shamba la mihogo iliyonona. Tena alikuwa mcheza ngoma. Akijitikisa, miiba yake hulia cha-cha-cha kama kayamba, na hata aliyenuna hujikuta anacheka.

Mkuu wa askari alikuwa Ngiri. Siku moja asubuhi Ngiri akabisha hodi kwa Nungunungu.

"Dada Nungunungu, twende."

"Twende wapi, Bwana Ngiri?"

"Kifungoni."

"Nimefanya nini?"

"Hujafanya kitu. Lakini una miiba. Huenda siku moja ukamchoma mtu. Mimi nazuia mapema."

Ngiri na askari wake wakamtia katika boma la mawe, wakafunga mlango kwa gogo.

Sasa sikieni. Nchi ile ilikuwa na sheria, na kila mtoto alifundishwa sheria hiyo kabla hajaota meno. Sheria ilisema: mnyama asifungwe bila kuambiwa kosa lake, na macheo matatu yasipite kabla hajafikishwa barazani kusikilizwa. Nungunungu aliijua. Akakaa, akahesabu macheo, na kila jua likichomoza aliimba:

*Nimekosa nini? Semeni!*
*Nimemchoma nani? Semeni!*
*Jua limetoka, semeni!*

Siku ya tatu gogo likaondolewa. "Toka," akasema Ngiri. Nungunungu akaruka kwa furaha, cha-cha-cha! Akapiga hatua moja, akapiga ya pili, akapiga ya tatu.

"Simama!" akasema Ngiri. "Nimekukamata upya. Sasa hesabu inaanza mwanzo."

Akamrudisha ndani.

Yakapita macheo matatu mengine. "Toka," akasema Ngiri. Safari hii Nungunungu hakuruka, alitembea tu. Hatua moja, hatua ya pili, hatua ya tatu.

"Simama! Nimekukamata upya."

Gogo likarudi mlangoni. Nungunungu alijikunja pembeni, na siku hiyo hakuimba. Alilifikiria shamba lake, akaifikiria ngoma ya mavuno iliyokaribia, machozi yakamtoka.

Mchana, askari wakiwa wamesinzia kwa joto, akasikia udongo ukikwaruzwa chini yake. Kwaru, kwaru! Ikatokea pua ndefu. Alikuwa Mhanga, jirani yake, fundi wa kuchimba.

"Dada, shimo liko tayari. Pita upesi!"

Nungunungu akalitazama shimo. Miguu ikataka kwenda. Kisha akatikisa kichwa.

"Ahsante, kaka. Lakini nikitoroka watasema, 'Mnaona? Alikuwa na hatia.' Nitajificha mpaka lini? Nataka kutoka mlangoni, watu wakiniona."

"Sasa nikusaidieje?"

"Pita nyumba kwa nyumba. Waambie nimefungwa kwa sababu ya huenda. Halafu muulize kila mmoja: wewe huenda yako ni ipi?"

Mhanga akaenda, akabisha kila mlango.

Yakatimia macheo matatu ya mara ya tatu. Ngiri akaondoa gogo, akafungua kinywa aseme "Toka," mara akasikia vishindo nyuma yake, akageuka. Mbele yake palikuwa na msururu wa wanyama mrefu mpaka mtoni.

"Mnataka nini?" akauliza.

"Tumekuja kufungwa," akasema Faru. "Mimi nina pembe. Huenda nikamchoma mtu."

"Mimi nina mateke," akasema Punda. "Huenda nikamvunja mtu mbavu."

"Mimi nina kelele," akasema Kanga. "Huenda nikamwamsha mgonjwa."

Konokono naye akajongea taratibu. "Mimi nina utelezi. Huenda mzee wa watu akaanguka."

Wanyama wakacheka mpaka wakashikana mabega. Wakaanza kuingia bomani, wakasukumana, boma likajaa. Kanga akakaa juu ya Faru. Ngiri alipiga kelele, "Hakuna nafasi! Hakuna nafasi!"

Kelele zikamfikia Mfalme Nyati, akaja mbio. "Kuna nini hapa?"

Nungunungu akasogea mlangoni, akainama kwa heshima. "Mtukufu, nimekaa humu macheo tisa. Sijaambiwa kosa wala sijafikishwa barazani. Kila siku ya tatu natolewa hatua tatu, kisha narudishwa. Kosa langu ni kwamba nina miiba. Mtukufu, nawe una pembe mbili. Nani aje akufunge?"

Mfalme akamgeukia Ngiri.

"Amemchoma nani?"

"Bado, Mtukufu. Lakini huenda..."

"Amemtishia nani?"

"Hakuna."

"Macheo matatu ni mangapi, Ngiri? Kumtoa mtu hatua tatu na kumrudisha si kumwachilia. Ni kuichezea sheria! Nungunungu, toka. Uko huru."

Nungunungu akatoka mlangoni, watu wakimwona.

Hapo Mhanga akasema, "Mtukufu, shamba la dada huyu limefukuliwa lote, na nyayo ni za kwato. Hebu tazama pua ya Ngiri, ina udongo wa mihogo."

"Mfungeni!" wakapiga kelele wanyama. "Mtupeni bomani sasa hivi!"

"La," akasema Nungunungu. "Aambiwe kosa lake kwanza, naye asikilizwe. Ndivyo nilivyotaka mimi."

Baraza likaketi palepale. Ngiri akaulizwa, akajitetea, akajikanyaga, mwisho akakiri: alimfunga mwenye shamba ili aile mihogo yake. Akavuliwa uaskari, akaamriwa kulilima shamba lile upya mpaka mihogo ikomae.

Jioni ngoma ikapigwa. Nungunungu akaingia katikati, akajitikisa, cha-cha-cha, na nchi nzima ikaitikia.

Ndugu zangu, fundisho ni hili: mtu hafungwi kwa jambo ambalo hajalitenda. Akishikwa, aambiwe kwa nini, na asikilizwe upesi. Haki hiyo ni ya mpole, na ni ya mkorofi pia.

Ngano yangu imefika kwao, imevua viatu, imeketi. Nanyi mfike kwenu salama.