Kikombe cha Mwimo wa Mlango

Hadi Pasaka ya mwaka 1961, Wakristo wa kigango cha Lihanje walitundika chombo cha maji ya baraka ndani ya nyumba, chini ya msalaba. Kila mwenye nyumba alijaza chake kutoka pipa la kanisani. Kusema maji yameisha ilikuwa sawa na kusema nyumba hiyo haisali tena, kwa hiyo hakuna aliyesema.

Walburga Kapinga aliishi nyumba ya mwisho kilimani, mabonde mawili kutoka kanisani. Mumewe alikuwa amekufa, na wanawe wawili walikuwa Tanga kwenye mashamba ya mkonge. Chombo chake kilikuwa kikombe cha bati ambacho marehemu alikitoboa ukingoni kwa msumari. Mwaka 1959, wakati wa kupanda maharage, Walburga aliteleza shambani na goti la kushoto halikupona. Kisimani alifika. Kanisani hakufika tena.

Noeli ya mwaka huo maji yakaisha. Akachota ya kisimani, akajaza kikombe. Alijiambia ni kwa siku chache, mpaka mtu aingie ndani amweleze.

Hakuingia mtu. Waliokwenda kwenye mashamba ya kahawa walisimama njiani wakapaza sauti, kama ilivyokuwa desturi.

"Mama Walburga, maji yapo?"

"Yapo!"

"Wewe maji yako hayaishi! Harusi ya Kana imehamia kwako nini?"

Wakacheka, naye akacheka, wakaenda. Alisikiliza hatua zao mpaka zikapotea. Kila siku alipanga kujibu vingine, na kila siku jibu likawa lilelile. Asubuhi alichovya kidole kikombeni kwa mazoea, akasimama, kisha akakifuta kwenye khanga bila kupiga ishara ya msalaba.

Jumatatu ya Pasaka ya mwaka 1961, katekista Meinrad Hyera alikamatwa na mvua karibu na nyumba hiyo.

"Tumsifu Yesu Kristo!"

"Milele amina. Pita, Mwalimu, unalowa."

Akaingia, akanyoosha mkono kwenye kikombe. Walburga akamshika kifundo cha mkono.

"Usichovye. Hayo ni ya kisimani."

"Tangu lini, Mama?"

"Tangu Noeli ya mwaka juzi."

Meinrad akarudisha mkono. "Lakini mimi mwenyewe nimepita hapa nikakuuliza. Ukasema yapo."

"Uliuliza ukiwa njiani, Mwalimu."

Katekista akavuta kigoda, akaketi. Alikaa naye hadi mvua ikakatika, na hata baada ya hapo akakaa. Kisha akamwaga maji kwenye shina la mgomba, akang'oa ukutani msumari wa kikombe, akaugongomea nje kwenye mwimo wa mlango, upande unaoonekana kutoka njiani. Akatundika kikombe kikiwa kitupu.

Jumapili aliwaeleza waumini. Vyombo vitoke nje, alisema, na mtu asijaze cha kwake. Ajaze cha jirani. Baadhi walinung'unika. Mzee mmoja akauliza itakuwaje mbuzi wakiyanywa.

"Utakuwa na mbuzi waliobarikiwa," Meinrad akamjibu.

Osmunda Nchimbi, aliyeishi ng'ambo ya bonde, akasimama akasema cha Mama Walburga atajaza yeye.

Kuanzia Jumapili hiyo hadi leo, Lihanje hawaulizani maji kutoka njiani. Chombo hukaa nje, na anayekiona kimekauka huingia ndani kwanza, ndipo hukijaza.

Osmunda alikwenda kwa Mama Walburga kila Jumatano na kila Jumamosi kwa miaka sita. Jumamosi moja ya Septemba 1967 alifika na chupa yake asubuhi, akakuta maji ya kikombe yako palepale alipoyaacha Jumatano, hayajachovywa. Akaweka chupa chini, akabisha hodi mara tatu, akaingia.